Nyumba Isiyosikia Mvua

Jumatatu, 4 Machi

Unga wa alfajiri umechelewa kuumuka. Nimemfokea msaidizi wangu Jeni bure, kumbe hamira ndiyo mbovu. Mikate ya kwanza imetoka imebonyea. Wateja wa Ujiji wamenunua hivyo hivyo na kunung'unika hivyo hivyo.

Mvua imenikuta naingiza trei tanurini. Tone la kwanza tu juu ya bati, mimi niko nje. Nimesimama uani na mikono ya unga natafuta cha kuanua. Hakuna. Uani kuna kuni, ndoo na paka wa jirani. Jeni amecheka mpaka akakaa chini. "Mama Shani, kila mvua ikinyesha wewe mbio! Unaenda kumpokea nani?" Nimemwambia aangalie tanuri lake. Inaniudhi. Nimetoka kijijini Mwamgongo nikiwa msichana, sasa nina binti wa darasa la saba, na bado mvua ikigonga miguu yangu inatangulia, akili inafuata.

Jioni kaka yangu Issa amepiga simu kutoka Mwamgongo. Ziwa limeingia jikoni kwa Mama. Si karibu na jiko. Jikoni. Mafiga yako ndani ya maji. Mama amehamishia sufuria ukumbini na anaendelea kupika. Ukimwambia ahame anasema maji yalikuja enzi za babu yake na yalirudi yenyewe. Issa anakaa juu mlimani, amemwomba aende kwake, amekataa katakata. Hawezi kulala chini ya bati la mtu. Hilo ndilo neno lake. Mwanawe wa kumzaa naye amekuwa mtu baki.

Nitamfuata mwenyewe. Nitamleta huku mjini Rusimbi apende asipende.

Jumatano, 6 Machi

Sijakaa leo. Nimekula nimesimama, nimepiga pasi nimesimama. Baba Shani anasema kochi letu litazeeka halijakaliwa na mwenyewe. Nikijilazimisha kukaa, nainuka kuchungulia dirishani. Nachungulia nini? Sijui. Narudi. Nainuka tena. Siku hizi mume wangu ananiita mlinzi.

Nyumba yenyewe nimeitafuta kwa jasho la tanuri. Vigae chini, vioo madirishani, na juu dari ya gipsamu yenye maua pembeni. Dari ndiyo niliyoipigania. Baba Shani alitaka tuanze na uzio, nikamwambia uzio utangoja. Nilimsimamia fundi nikamwambia, nataka nyumba ambayo mvua ikinyesha mtu hajui. Alicheka, lakini alifanya kama nilivyotaka. Inanyesha usiku kucha, asubuhi unakuta tope nje unashangaa.

Nilitaka hivyo tangu mtoto. Basi mbona situlii?

Jumamosi, 9 Machi

Nimekwenda, nimerudi naye. Nimechoka vibaya lakini niandike kabla sijasahau.

Boti ya kutoka Kibirizi ilijaa saruji na magodoro. Tumepita Gombe, wazungu wameshuka na mabegi yao, sisi tumeendelea kaskazini. Nilipoona Mwamgongo nikadhani nahodha amekosea. Ufuko haupo. Ule mchanga wote tuliokuwa tunaanikia dagaa, haupo. Maji yanapiga moja kwa moja kwenye kuta za nyumba za chini. Watu wamehamisha uanikaji juu, wametengeneza chanja za waya mlimani. Mama anazicheka chanja. Anasema dagaa wa kuning'inia hawapati joto la chini.

Alikuwa ukumbini anakaanga muhogo, maji yakiwa chumba cha pili. Kanga imefungwa vizuri, hana wasiwasi wowote. Nimesema shikamoo, ameitikia marahaba, kisha ameniuliza kama nimekuja na mkate. Hasira zilinipanda.

Nyumba ni ile ile. Udongo, miti, na yale mabati. Baba alipofariki paa lilikuwa nyasi na lilivuja kila mahali. Mama akaanza kununua bati moja moja. Giza la mwezi, siku za kuvua dagaa kwa taa, likiwa zuri, samaki wakipatikana, bati. Likiwa baya, tunangoja. Miaka mingi paa letu lilikuwa nusu nyasi nusu bati, watoto wa shule wakatucheka. Hakuna mabati mawili yanayofanana pale juu. Kila moja lina kutu ya umri wake. Bati la kwanza kabisa aliliweka juu ya kitanda alipolala yeye na sisi, na si kwa ajili ya kuvuja. Alitaka kusikia. Tone la kwanza likigonga tu, "Imvura! Imvura!", mvua hiyo kwa Kiha, na mguu wake kwenye mbavu zetu. Usiku au mchana, una tonge mdomoni au una daftari mkononi, unatupa, unakimbia. Tunakumba dagaa kwa viganja pamoja na mawe, tunalia, tunakumba. Wakilowa wameoza. Wakioza tunakula muhogo mtupu mpaka giza lingine. Nililichukia lile bati kuliko kitu chochote duniani.

Amekubali kuja kwa masharti. Anakuja kutembea, si kuhama. Mwisho Idi. Amefunga mlango kwa kamba, akaupigapiga kwa kiganja kama mtu anayeaga ng'ombe. Kwenye boti hakugeuka.

Jumatatu, 11 Machi

Mama hatulii. Amefagia uani, akafagia mbele ya jirani, amesugua masufuria ambayo ni mapya. Vigae anavitembelea pembenipembeni. Sebuleni hakai kwa sababu mkwewe anaweza kuingia, na mkwe na mama mkwe hawakai wakitazamana. Wanasalimiana kupitia mlango, yeye uso pembeni, Baba Shani ameinama. Anakula jikoni na Shani. Wamepatana hao. Nimewasikia wanacheka, nilipoingia wamenyamaza.

Asubuhi ametoka nje akakuta pamelowa. Amesimama muda mrefu akitazama tope. Kisha ameniuliza, "Mvua ya kwenu inaingia bila hodi?"

Nimecheka. Nimemwonyesha dari, nikamweleza gipsamu. Ameitazama kama anatazama mgonjwa. Hakusifia. Nilitaka asifie, nisijidanganye.

Alhamisi, 14 Machi

Mfungo umeanza na tanuri halipoi. Jioni kila mtu anataka mkate na maandazi kwa wakati mmoja, na wote wana njaa na wote wana maneno. Jeni mgongo unamuuma. Mimi kila kitu kinaniuma.

Adhuhuri nimekwenda nyumbani kujilaza kidogo. Nimeinuka kuchungulia dirishani kama kawaida yangu. Koridoni nikagongana na Mama, naye anatoka kuchungulia. Tumetazamana. Kila mmoja amerudi chumbani kwake.

Baadaye nimecheka peke yangu, halafu nikaona si jambo la kuchekesha sana.

Mawimbi yamezidi, Issa anasema. Mama amempigia kuuliza nyumba. Bado imesimama.

Jumamosi, 16 Machi

Siku mbaya.

Issa alituma kiroba cha dagaa kwa boti, walikuwa hawajakauka sawasawa. Mama alifurahi. Mara ya kwanza nimeona meno yake tangu aje. Amechambua, ametandika turubai uani, amewaanika vizuri, wamelala wote upande mmoja. Amemfundisha Shani kuwageuza. Jua lilikuwa kali. Akaingia ndani kujinyoosha, goti lake linamsumbua. Shani alikwenda madrasa.

Mimi nilikuwa kwenye tanuri. Pale sina dari, bati tupu. Tone la kwanza nimelisikia. Nimekimbia barabara nzima kichwa wazi, watu wa Rusimbi wamenitazama, sikujali. Nimefika uani dagaa wanaelea. Turubai limegeuka bwawa.

Mama alikuwa amesimama mlangoni. Ndiyo kwanza anatoka. Maji yanamwagika mbele yake na yeye amesimama tu, mikono imening'inia. Sijawahi kumwona Mama amesimama kwenye mvua na mikono mitupu. Akasema, "Sikusikia." Kisha akasema, "Zuhura, nyumba yako kiziwi."

Ningenyamaza. Nilikuwa nimelowa, nimefunga, nimeacha trei tanurini. Nikamwambia ndivyo nilivyoitaka. Nikamwambia nimeijenga ili nisisikie tena. Akauliza, "Usisikie nini?"

Nikamwambia, "Kelele zako."

Akaniangalia. Akainama na goti lake bovu akaanza kukumba dagaa waliolowa, ambao hawafai tena, anajua kuliko mimi kwamba hawafai. Nimeinama kumsaidia akanisogeza mkono.

Trei mbili za mikate zimeungua.

Jumapili, 17 Machi

Dagaa wamekwenda kwa kuku wa jirani. Mama hasemi na mimi. Anasema na Shani.

Nimechungulia dirishani siku nzima. Jua tupu.

Jumatatu, 18 Machi

Mama hayupo.

Nimerudi kutoka kwenye tanuri nikakuta kitanda kimetandikwa, shuka limekunjwa kona kwa kona. Kiroba chake hakipo. Simu yake iko juu ya mto, kwenye chaja. Ameiacha makusudi au ameisahau, sijui, na sijui lipi ni baya zaidi. Jirani amemwona akipanda bodaboda, Mama yangu na goti lile, juu ya bodaboda! Amesema anakwenda Kibirizi kuwahi boti ya mchana.

Nimepiga kwa Issa. Haipatikani. Nimepiga tena. Haipatikani. Nimepiga mpaka yule dada wa mtandao nikamtukana, Mungu anisamehe na mfungo huu.

Alasiri upepo umeanza. Mnazi wa jirani umelala upande. Baba Shani anasema boti itakuwa imeshafika kabla ya upepo. Ameshika redio haisikilizi. Nimemuuliza kwa nini hakumzuia, akanikumbusha alikuwa kazini bandarini. Nimemuuliza tena hivyo hivyo. Amenisogezea kiti, ni mtu mzima.

Siwezi kukaa. Siwezi kusimama. Nimepika maandazi ambayo hakuna aliyeagiza. Kelele zako. Nimelisema neno hilo kwa mdomo huu.

Jumanne, 19 Machi

Boti hazikuondoka. Nimeshinda Kibirizi kuanzia asubuhi, nimekaa juu ya gunia la mtu. Nilisema nimekaa, uongo. Nimetembea kutoka maboti mpaka barabarani, kutoka barabarani mpaka maboti. Manahodha wamechoka kuniona. Mmoja ameniambia, "Dada, ziwa haliogopi machozi, nenda kafuturu." Nilikuwa silii. Nilidhani silii.

Kuna boti moja imefika kutoka kaskazini, ya wavuvi, imelowa watu wote. Nimewakimbilia. Wanasema Mwamgongo nyumba zimeanguka kule chini. Nyumba za nani? Hawajui majina. Wanasema kuna bibi mmoja aliingia ndani ya maji kuokoa vitu, watu wanamwita hataki kutoka. Halafu? Halafu wao walikuwa wameshaondoka. Hawakuona mwisho.

Bibi gani aingie majini? Mwamgongo kuna bibi wengi. Nimejiambia hivyo njia nzima ya kurudi. Kuna bibi wengi, Zuhura. Kuna bibi wengi.

Shani ameniuliza kama Bibi amefika salama. Nimemwambia amefika. Ameingia chumbani kwa Bibi akafunga mlango.

Issa haipatikani.

Jumatano, 20 Machi

Nimeandika haya nikiwa Mwamgongo, nyumbani kwa Issa, kwa kalamu ya mwanawe.

Upepo umetulia, boti imeondoka mchana. Baba Shani alitaka tuje wote, nimemwachia tanuri na Shani. Njia nzima nimekaa mbele kabisa, maji yananipiga usoni, wenzangu wanasali. Nimebeba mkate. Usiniulize kwa nini. Niliuchukua tu.

Tulipozunguka kona nimeitafuta nyumba yetu kwa macho. Kuta za upande wa ziwa hazipo. Na paa halipo. Pale penye paa ni mbingu tupu. Nimepiga kelele, mama mmoja akanishika kiuno nisisimame, boti isipinduke. Sikumbuki nilisema nini. Nakumbuka nilikuwa nasema Mama, Mama, kama mtoto mchanga.

Ndipo nikamwona. Yuko juu ya mawe, mbali na maji. Amekaa juu ya rundo la mabati, kanga kichwani, ungo mapajani. Anachambua dagaa.

Nimeruka majini mpaka magotini. Nimepanda yale mawe nikajikwaa. Nimefika nikashindwa hata kuamkia. Yeye akaniangalia miguu iliyolowa, akaniangalia mkononi, akasema, "Umekuja na mkate. Vizuri. Tutafuturia."

Nimelia mpaka nikatapika.

Issa amenieleza. Jumatatu Mama alipofika tu hakuingia hata kupumzika. Alimwita Issa na vijana wa majirani akasema leo tunashusha mabati. Upepo ulikuwa ndiyo unaanza. Wakamwambia kesho. Akasema kesho hamna nyumba. Wakapanda, wakang'oa misumari, yeye chini ndani ya maji anapokea bati moja moja anampa wa nyuma yake, mawimbi yanamfika kiunoni, wanamwita atoke hataki, mpaka la mwisho. La mwisho lilikuwa lile la juu ya kitanda. Ukuta ulianguka asubuhi yake. Simu ya Issa ilizama katika purukushani hizo.

Nimemfokea. Na mfungo, na machozi, nimemfokea Mama yangu mbele ya watu. Mabati ya kutu! Angekufa kwa mabati ya kutu! Amenisubiri nimalize. Kisha amesema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Sikuweza kuwapeleka wanangu mjini, niliwawekea mabati juu. Hilo ndilo nililoweza." Na baadaye, tulipobaki wawili, amesema jingine.

"Nilipiga kelele ili mle."

Nimeuvuta ungo nikachambua dagaa pamoja naye.

Ijumaa, 22 Machi

Tumejenga. Issa amempa Mama kipande pembeni mwa nyumba yake, karibu kabisa na chanja. Miti imekatwa, udongo umekandwa, majirani wote wametoka, mfungo na jua na hakuna aliyelalamika. Chumba kimoja na kibaraza. Mlango unatazama chanja. Sasa analala chini ya bati lake mwenyewe, hana neno. Hata zile chanja amesema si mbaya sana, ila waya unakwaruza dagaa matumbo.

Nimemwambia arudi nami Rusimbi. Nimemwambia nitaing'oa ile dari yote kwa nyundo, kesho. Amecheka mpaka amejifuta macho. Amesema niiache, niliitafuta mwenyewe, nikae nayo. Halafu akasema maneno ambayo nimeyageuza kichwani tangu asubuhi. Amesema, "Mimi siwezi kulala mahali nisipojua mvua inaanza lini. Na wewe huwezi. Nimekuona."

Amenikumbusha pale koridoni. Kumbe alielewa siku ile ile. Mimi nilidhani nina ugonjwa wa mishipa, Baba Shani alidhani nina majini. Nilijenga nyumba nisisikie mvua, na tangu nihamie sijapumzika hata saa moja kwa sababu siisikii. Najiona mjinga. Nacheka, kisha naona uchungu, kisha nacheka.

Kazi yangu ilikuwa kupokea mabati. Nimeyajua yote kwa kuyashika. Hili tulilinunua mwaka Issa alioacha shule. Hili lina tundu la jiwe nililorusha mimi. Hili la bluu aliletewa na shangazi. Tumeyapigilia kwa mpangilio ule ule, Mama anaelekeza kutoka chini kwa fimbo, na fundi akileta ubishi anaambiwa ashuke.

Karibu na futari mvua imegonga. Sote tumekimbia. Mke wa Issa, watoto, majirani, mimi. Mikono yangu ilikuwa inajua. Tumeanua chanja nzima na hakuna dagaa aliyelowa. Tumefuturu tumelowa sisi. Mkate wangu uliobaki umechacha kidogo na umeliwa wote.

Namalizia asubuhi ya Jumamosi: usiku nimelala. Nimelala kama gogo chini ya kelele zile, mpaka mke wa Issa amekuja kuniamsha daku kwa kunivuta mguu.

Jumapili, 24 Machi

Narudi. Tanuri linanisubiri, Jeni amepiga simu analia na hamira.

Wakati wa kuaga Mama ameniletea bati. Lile la kwanza. Limezidi, amesema, chumba ni kidogo. Si kweli, nimehesabu paa kwa macho, pameachwa upenyo juu ya kibaraza. Nimekataa. Amelisukuma kwangu. Nimekataa tena. Akasema, "Kwako hakuna hata moja," akaingia ndani.

Nahodha hakulitaka kwenye boti, linakata watu. Nimelishikilia mwenyewe mpaka Kibirizi, vidole vimechubuka. Bodaboda wamekataa. Bajaji amekubali baada ya kunicheka. Rusimbi nzima imeniona nateremsha bati bovu mbele ya nyumba yenye vigae. Baba Shani ametoka, amelitazama, amenitazama. "Na hili nalo?" Nimemwambia na hili nalo. Amelibeba bila neno jingine, ndiyo maana niliolewa naye.

Shani amelinusa. Anasema lina harufu ya Bibi.

Jumanne, 26 Machi

Fundi yule yule wa gipsamu. Nimemwambia nataka bati hili nje ya dirisha la chumba changu, juu ya nguzo, kama kibaraza kidogo. Amenieleza kuhusu bati jipya la rangi linalofanana na paa. Nimemwambia hili. Amesema litapiga kelele mama, hutalala. Nimemwambia wewe pigilia.

Hakuna mvua. Nimechungulia mara chache.

Jumatano, 10 Aprili

Idi. Watoto wa mtaa wamemaliza maandazi yote. Baba Shani amelala na shibe yake. Nimekaa kwenye kochi. Nimekaa kweli, miguu juu.

Alasiri bati limegonga. Tone moja, kisha jingine. Nimeinuka, lakini sikukimbia. Nimefungua mlango. Kambani kulikuwa na kanzu ya Baba Shani na gauni la Shani la sikukuu. Nimeanua. Nimesimama kibarazani chini ya bati na nguo mkononi nikisikiliza.

Nimempigia Mama kupitia simu mpya ya Issa. Nyuma yake nilisikia mabati yote yanalia, sauti zake zote nazijua. Nimemwambia, "Mama, huku imeanza."

"Nimeshaanua," amesema. "Nenda kalale."

Nimekwenda.